Barua za Barzani: Saksafoni Mbele ya Madhabahu

Haya jamani, mwezi huu barua zimekuja za namna moja. Nlidhani mtaniuliza habari za karafuu na bei ya mchele kama kawaida yenu, kumbe kuna filamu inazunguka kwenye maflashi kuanzia Wete mpaka Jang'ombe, ya zamani, nyeusi na nyeupe, okestra ya jazz inapiga ndani ya kanisa kubwa huko Marekani, na kila aliyeiona ana la kusema. Mie maalim mstaafu wa skuli, nimesomesha hesabu na muziki, tarumbeta nimepuliza kwenye beni za harusi nikiwa kijana mpaka meno yakanikatalia, kwa hivyo kwa hili mmenikuta nyumbani. Najibu tano. Zile za matusi nimefungia vitumbua.

*Maalim, asalaam alaykum. Mtoto wa dada yangu kaja na flashi kutoka Unguja, tukakaa ukumbini usiku, mie na mume wangu na mama mkwe. Ndani ya kanisa watu wamekaa kimya, mbele bendi ya matarumbeta, mara anatoka mbaba mmoja mwembamba kavaa suti anacheza, viatu vinalia ka-ka-ka-ka, tena mbele kabisa huko anakosimama padri. Mama mkwe akasema astaghfirullah, zima hiyo, hawa wanamchezea Mungu. Mume wangu akasema muacheni, huyo mwenye piano mtu mkubwa. Tangu siku ile hapa ndani ni mjadala tu, chai inapoa. Hii ilitokea kweli au sinema? Na huyo mwenye viatu ni nani? (Mama wa nyumbani, Wete)*

Waalaykum salaam bi, na mama mkwe mfikishie shikamoo yangu, mwambie maalim hajamcheka.

Ilitokea, na tarehe yake inajulikana, 16 Septemba 1965, kanisa linaitwa Grace Cathedral, liko San Francisco juu ya kilima. Ni kanisa la Kianglikana, ingawa wenyewe huko wanajiita Waepiskopali, ndugu zao hao hao wa Mkunazini kwetu. Lilianza kujengwa 1928 likamalizika 1964, miaka yote hiyo, basi walipomaliza wakafanya sherehe za mwaka mzima na wakubwa wa kanisa wakamwomba Duke Ellington, yule mpiga piano na mtunzi mkubwa wa jazz, aje na okestra yake, aandike muziki wa ibada aupige humo ndani. Sio kwamba alivamia. Aliitwa. Na televisheni ya hapo hapo mjini, KQED, ikaingiza kamera zake ikapiga picha, na ndio hiyo mliyoiona ukumbini kwenu miaka sitini baadae, dunia hii wallahi.

Sasa mwenye viatu. Anaitwa Bunny Briggs, na kile anachokifanya ni dansi ya viatu vyenye vyuma chini, kisigino na ncha, kwa hivyo mguu wenyewe unakuwa ngoma. Ukiirudia ile filamu usimtazame uso, tazama miguu, haipandi juu hata kidogo, inabaki karibu na sakafu kama mtu anayechekecha unga, halafu huku juu mabega yametulia. Wengine wakicheza hivi wanarusha mikono na miguu mpaka wewe unayetazama ndio unatoka jasho, huyu hapana.

Na hakucheza kwa kujisikia tu. Wimbo wenyewe unasimulia Daudi aliyecheza mbele za Bwana kwa nguvu zake zote, habari iko kwenye Biblia, kitabu cha pili cha Samweli, sura ya 6: sanduku la agano linaingizwa mjini, mfalme anarukaruka barabarani kwa furaha, mkewe Mikali anachungulia dirishani, anamuona, anamdharau moyoni. Kwa hivyo bi, mama mkwe wako kasema neno ambalo mke wa mfalme alishalisema karibu miaka elfu tatu nyuma, mwambie taratibu lakini, usimkere. Ellington aliijua vizuri hiyo kesi ya Mikali na akamchukua upande Daudi.

Na sie kwetu, Nabii Daud si mgeni, kila aliyepita chuoni anajua milima na ndege walikuwa wakileta tasbihi pamoja nae, na ile hadithi ya Mtume (s.a.w.) kumwambia Abu Musa al-Ash'ari kwamba kapewa zumari katika mazumari ya jamaa ya Daud, kwa uzuri wa sauti yake ya kusoma. Sijasema nyumba ya ibada iwe ukumbi wa dansi, fatwa haitoki kwenye safu hii, mashekhe wapo, kaulizeni huko. Nnachosema ni kwamba ubishi wa humo ndani kwenu hata msikitini tunao. Maulidi ya homu umeyaona? Wanaume kwenye mstari, kanzu nyeupe, wamepiga magoti, matari yanalia, wote wanainama na kuinuka pamoja kama wimbi linakuja Forodhani. Kuna anaelia machozi kwa kuyaona na kuna anaeondoka amenuna, na wote wawili wanasali safu moja.

Ila kuna kitu mmekipita wote, hata mume wako anaejifanya mjuzi. Ule wimbo wa viatu sio mpya. Ni wimbo mwengine wa Ellington mwenyewe, Come Sunday, umeongezwa mwendo tu. Uimbe taratibu na utausikia. Na huo wa taratibu aliuandika zamani, 1943, ndani ya kazi yake ndefu juu ya historia ya watu weusi wa Marekani aliyoipiga Carnegie Hall pale New York, na sehemu hiyo inawaeleza watumwa siku ya Jumapili wamesimama nje ya kanisa, mabwana wako ndani wanasali, wao wanasikiliza dirishani. Nje, bi. Halafu 1965 sauti ile ile ya walioachwa nje inaingia ndani ya kanisa, inapigwa mbio, na mjukuu wao anaicheza kwa viatu vya chuma mbele ya madhabahu. Mie nilipolijua hili nikarudisha filamu nyuma mara tatu, umeme ukazimika, nikakaa kizani naimba peke yangu.

Na sisi watu wa visiwa hivi tunalo letu hapo. Mkunazini kanisa limejengwa juu ya soko la watumwa, soko limefungwa 1873 na Krismasi ya mwaka ule ule jiwe la msingi likawekwa, Askofu Steere akasimamia, na husemwa madhabahu iko pale pale ilipokuwa nguzo ya kuwachapia watu. Ukienda siku moja ukaingia, simama hapo halafu jiimbie huo wimbo wa taratibu kimoyomoyo. Huhitaji kuwa Mkristo.

*Maalim vipi hali. Mie nauliza kifupi, hawa jamaa wanajiita jazz, mbona hawafanani hata chembe na Morogoro Jazz na Western Jazz alizokuwa akipiga mzee wangu kwenye gramafoni? Nani kaiba jina la mwenzake? (Kijana wa maskani, Jang'ombe)*

Nzima yakhe. Jina kalichukua wetu. Bara walipoanza mabendi ya dansi, neno jazz lilikuwa limekuja na santuri na mabaharia na maana yake kwa watu ilikuwa bendi ya kisasa yenye magitaa na matarumbeta, basi, kila mji ukataka Jazz yake, Tanga wakawa na Atomic, Tabora nao, Morogoro ndio hao wa Mbaraka Mwinshehe. Muziki wenyewe walioupiga ulikuwa rumba na vionjo vya kwao. Kama kwetu tu tulivyochukua neno beni kutoka kwa bendi za kizungu na leo mtu akikwambia beni inapita unaona harusi, huoni askari. Usimuuzi mzee wako kwa hilo, zile santuri zake bora kuliko nusu ya vitu vyako kwenye simu.

*Shikamoo Maalim. Mimi ni mwanakwaya hapa Mjini. Tulivyoona ile okestra inasikika safi kanisani tukasema na sisi tujirekodi, tukachukua simu na spika na kinanda cha umeme na dramu, tukapiga kanisani mchana siku ya kazi. Tulivyosikiliza nyumbani hakuna kitu Maalim, maneno hayasikiki, dramu kama mabati yanaanguka ngazini. Mwenzetu mmoja anasema tatizo ni simu, twende tukachange tununue kubwa. Ni kweli? (Alto wa safu ya nyuma)*

Marahaba mwanangu. Msichange. Simu haina kosa, au tuseme ina kosa dogo.

Hebu fanya hivi kwanza. Siku kanisa tupu, simama katikati, piga kofi moja tu, halafu nyamaza usikilize. Kofi lako litaondoka, litapanda darini, litagonga ukuta wa huku na wa kule, litarudi, litarudi tena, linafifia polepole kama mtu anaondoka huku bado anakuaga. Hesabu moja, mbili, tatu. Huo ndio mwangwi na huo ndio adui yako na rafiki yako pia. Grace Cathedral wanasema ni kama sekunde 7 mpaka sauti ife kabisa. Sekunde 7! Sasa wewe mpiga dramu wako kwa sekunde moja anapiga mara nne tano, maana yake pigo la kwanza halijafa yamekuja kama thelathini juu yake, yote yanaogelea pamoja. Sauti imekuwa urojo, bajia na viazi na mishikaki yote kwenye bakuli moja na ukwaju juu, na urojo mtamu kwenye bakuli tu.

Mawe hayanywi sauti, yanairudisha. Mkunazini pale kuta nene na lile dari refu la mviringo, matumbawe na saruji, mzee Steere alilitengeneza na watu walikuwa wakimwambia litaanguka, halikuanguka, na sauti nayo haianguki ikifika kule juu. Zamani makanisa haya waliyajengea sauti za taratibu, mtu anavuta neno, kinanda kinavuta, ndio maana zile nyimbo zenu za zamani zikiimbwa humo mtu anasisimka hata kama anapita njia tu kwenda Darajani kununua samaki. Ukiingiza kitu cha mbio lazima utumie akili.

Kinachokunywa sauti ni kitambaa na watu. Zulia, mapazia, nguo zenu, na miili yenu. Kanisa likijaa watu mwangwi unapungua wenyewe, kwa hivyo kosa la kwanza mmerekodi kanisa likiwa tupu, mlidhani mnapata utulivu kumbe mmeondoa zulia lenyewe. Rekodini waumini wakiwepo. Pili, maikrofoni isogezwe karibu na mdomo na karibu na chombo, ikiwa mbali inasikia kanisa kuliko inavyokusikia wewe, na nnavyokujueni simu mliiweka kwenye benchi la mwisho ili wote mtokee kwenye picha. Tatu mpiga dramu apige mara chache, aache nafasi, tena kwa fimbo za brashi kama anazo. Na spika mzizime nusu, ndani ya jengo la mawe spika kubwa ni kuongeza maji kwenye mafuriko.

Haya nayasema kwa sababu yalinikuta. Kuna harusi moja, ukumbi siutaji, nlikodiwa kurekodi taarab, kuta tupu na vigae mpaka juu, maikrofoni nimeitundika katikati kama taa. Nikapata saa tatu za ngurumo. Bwana harusi hajanisemesha mpaka leo na watoto wake sasa wako skuli.

Kwenye ile filamu tazama utaona wenyewe walivyofanya, nyimbo nyingi zinakwenda kwa utulivu, mwanamke anaimba Come Sunday taratibu, saksafoni ya Johnny Hodges inaingia kama mafuta ya nazi, halafu kwaya, na vile vya mbio vimewekwa vichache, mahali pake. Yule mzee Ellington alikuwa akisikiliza jengo kabla ya kuandika noti, au kama hakufanya hivyo basi alikuwa na bahati ya ajabu.

*Maalim, nimesoma kwenye simu kwamba Duke Ellington maisha yake yote alikuwa mtu wa kilabu, pombe na wacheza uchi, halafu uzeeni ndio anaingia kanisani na okestra. Huku kwetu tukimuona mtu kama huyo tunasema kaishiwa. Alitubu, au alikuwa anatafuta soko jipya? (Mwanafunzi, Kikwajuni)*

Mwanangu umeuliza kwa ubaya lakini swali lina haki.

Kilabu ni kweli, mwisho wa 1927 alianza kupiga Cotton Club pale Harlem na hapo ndipo redio ilipomfanya ajulikane Marekani nzima, na ukitaka uchungu wenyewe, kilabu hiyo wapigaji na wachezaji weusi, wateja weupe, mweusi haruhusiwi kuja kukaa mezani. Umeona tena habari ya nje na ndani. Lakini kanisa hakuliingia uzeeni. Kazaliwa Washington tarehe 29 Aprili 1899, mamake Mbaptisti babake Mmethodisti, Jumapili mtoto akipelekwa kwa mama halafu kwa baba, makanisa mawili siku moja. Mtoto wa namna hiyo hata akae kilabu miaka arobaini, ile kitu imo.

Kwanza sisi ndio tusishangae. Ummu Kulthum ambaye bila ya yeye na wenzake wa Misri taarab yetu isingekuwa hivi ilivyo, alianza utotoni kwa kuimba kasida na babake, imamu wa kijiji. Na waimbaji wetu wangapi, pitia majina ya vikundi vya taarab, Ikhwan Safaa au Culture mwenyewe, walioanza kukunjua sauti chuoni kwenye maulidi? Mlango mmoja unatokea kwenye mwengine, na mtu anapita akirudi.

Soko jipya sasa. Mwaka ule ule 1965, miezi michache kabla ya hiyo siku ya San Francisco, watu watatu waliopewa kazi ya kuchagua tunzo ya muziki ya Pulitzer, tunzo kubwa huko Marekani, walipendekeza apewe heshima maalum kwa kazi yake ya miaka yote. Bodi ikakataa. Wawili katika wale watatu wakajiuzulu kwa hasira. Waandishi wakamkimbilia yeye, mtu wa miaka 66, unajua alijibu nini, alisema majaaliwa yanamuonea huruma, hayataki awe maarufu sana angali kijana. Basi. Heshima yenyewe walikuja kumpa 1999, yeye keshakufa miaka 25. Mtu wa kutafuta soko angetumia lile wimbi la huruma kutengeneza kitu chepesi cha kuuza. Yeye kaenda kuandika muziki wa kanisa, na mapadri nao si wote waliomfurahia, mwaka uliofuata alipoupeleka Washington, kwao, umoja wa wachungaji wa Kibaptisti ukakataa kumuunga mkono. Sie tunasema mcheza kwao hutunzwa, yeye kwao ndio walimnunia.

Akaendelea lakini. 1968 akaandika wa pili, akaupiga kanisa la St. John the Divine, New York, na mwimbaji Mswidi, Alice Babs, sauti yake inapanda mpaka unaogopa itavunja kioo. Wa tatu ni tarehe 24 Oktoba 1973 pale Westminster Abbey, London, na mzee keshakuwa mgonjwa, saratani ya mapafu. Tarehe 24 Mei 1974 akafariki, na maziko yakafanyiwa St. John the Divine hapo hapo alipopiga, watu zaidi ya 10,000. Mwenyewe alishasema kwamba hii ndio kazi kubwa kuliko zote alizowahi kufanya. Kaandika muziki miaka hamsini, ana vitu zaidi ya elfu, na hiki ndio kaona kikubwa. Mie kwenye masikio yangu sikubaliani nae, kuna vitu vyake vya 1940 ambavyo hakuna kanisa litakalovifikia, lakini hilo la ukubwa hakulipima kwa masikio.

Na alikuwa na maneno aliyoyaandika kuwaeleza watu wa kanisani, kwamba kila mtu anamwomba Mungu kwa lugha yake na hakuna lugha ambayo Mungu haifahamu. Mwenye ngoma aje na ngoma yake. Hapo kijana sijui unataka toba gani zaidi.

*Maalim mwenzangu, salaam sana. Nami nimeipata hiyo filamu. Muziki nimeupenda lakini Kiingereza kinanipita, wanaimba na kusema maneno mengi, watu wanacheka kanisani sijui wanacheka nini. Nifuate kitu gani? (Fundi cherehani, Chake Chake)*

Fundi, swali lako ndilo nlilolipenda, nimeliweka mwisho kama kashata.

Fuata sauti sita. Kwenye wimbo wa In the Beginning God, saksafoni kubwa, ile nene ya Harry Carney inayotoa sauti kama mtu mzima anakohoa alfajiri, inapiga noti 6. Halafu zinarudi, zinarudi, kwenye piano, kwenye kwaya, kwenye tarumbeta, kazi yote ya dakika nyingi imeshonwa kwa uzi huo mmoja, wewe fundi utaelewa. Noti 6 kwa sababu maneno ya mwanzo ya Biblia kwa Kiingereza yana silabi 6. Sasa sikiliza uhondo, nimegundua mwenyewe nikiwa nakunywa chai: kwa Kiswahili pia ni 6. Ha-po-mwa-nzo-Mu-ngu. Hesabu vidole. Unaweza kuimba Kiswahili juu ya saksafoni ya Carney na hakuna silabi inayobaki nje wala noti inayokosa nguo.

Wanachocheka ni pale mwimbaji anapotaja vitu ambavyo hapo mwanzo havikuwepo. Hakuna mbingu hakuna ardhi, sawa, watu wametulia, halafu anaanza kuingiza vya kwao, hakuna Cadillac, hakuna Gemini 5, na Gemini 5 ilikuwa chombo cha anga kilichorudi duniani hata wiki tatu hazijatimia, mwisho wa Agosti 1965, yaani habari ya moto moto ya magazetini. Ingekuwa ya kwetu angesema hapo mwanzo hapakuwa na daladala, hapakuwa na foleni ya boti, hapakuwa na bando. Wangecheka Gombani nzima.

Baadae kwaya inasoma majina ya vitabu vya Biblia, kimoja kimoja, kwa mpigo, kama watoto wanavyosoma juzuu kwa sauti, na saksafoni ya Paul Gonsalves inazunguka juu yao. Tarumbeta ya Cat Anderson inapanda, inapanda, unadhani imeisha inapanda tena, mpaka imebaki kama mluzi wa birika, na mzee anawaambia watu kwamba juu zaidi ya hapo hatuendi. Halafu dramu za Louie Bellson, peke yake. Hapo ndipo mwanakwaya wa barua ya tatu asikilize vizuri namna mtu anavyoliacha jengo limalizie pigo lake.

Juzi nilikuwa Jaws Corner baada ya laasiri, nikawa nawapigia wenzangu hizo sauti sita kwa kucha kwenye ubao wa dhumna, ha-po-mwa-nzo-Mu-ngu, wananitazama kama nimepata homa. Muuza kahawa alikuwa amesimama pembeni na deli lake na vikombe mkononi, vile wanavyoviligizanisha kuita wateja, akanisikiliza kidogo, halafu akavigonga, sita, na ile ya mwisho akaiacha ilie. Mzee mmoja akainua kichwa kwenye dhumna akasema haya tumesikia, nitilie, isiwe chungu kama ya jana.